Gameli ya Maman Inarudi Tupu

Cimpunda, Kadutu,
Bukavu.

Alhamisi, tarehe 14 Machi 2024

Mpendwa dada yangu Sista Mireille,

Maman yuko hai, anaongea, na anatambua kila anayeingia. Lakini jana Jumatano, saa nne asubuhi, muuguzi Pascaline alimpima akasema ana kilo arobaini na moja. Mwezi wa kwanza, kwa mizani hiyohiyo, alikuwa na kilo arobaini na saba. Nimelitanguliza hilo kwa sababu ungelikuta ukurasa wa tatu ungedhani nilitaka kukuficha.

Sasa salamu. U mzima? Kile kikohozi ulichomwandikia Maman kabla ya Noeli kimekwisha? Masista wenzako wanaendeleaje huko Likasi? Hapa kwetu mimi na Virginie hatujambo, na watoto wanasoma. Mvua inanyesha kila alasiri na udongo wa Cimpunda unateremka kama kawaida yake. Mwezi uliopita ulichukua ukuta wa jirani, wetu umebaki.

Najua kwamba katika Kwaresima hampokei barua. Nimemwandikia Mama Mkuu wenu karatasi ya pembeni, nikimweleza kwa nini hii haiwezi kungoja Pasaka. Padri wetu, Abbé Adalbert, anaibeba mkononi. Anasafiri Jumamosi hii na anarudi Bukavu Ijumaa tarehe 22. Kama ukijibu, jibu kwa mkono wake.

Nitakueleza mambo kama nilivyoyakuta, siku kwa siku. Usitafute maoni yangu katikati. Nimefanya kazi ya habari miaka thelathini na moja, na hili ni la kwanza ambalo nilikuwa na majibu yote mkononi na bado sikuelewa swali.

Unakumbuka nilikuandikia mwaka jana kwamba watu wa shirika la mtaa wa Maman, pale Nyalukemba, wameanza kuwapelekea chakula cha mchana wazee wasioweza kutoka nyumbani. Ni kazi ya kujitolea. Wazee ni tisa. Chakula kinapikwa uani, katika parseli ya Maman Chantal, mkuu wa kundi, kinatiwa katika gameli tisa za bati zenye vifuniko na majina, na saa sita wabebaji wanatawanyika mitaani. Alasiri gameli zinarudi. Ikirudi tupu, Chantal anajua mzee amekula. Ikirudi na chakula, anakwenda mwenyewe kuuliza.

Maman ni mmoja wa hao tisa, kwa kuwa alivunjika nyonga. Zile ngazi za udongo za kushukia kwake, nilizihesabu, ni sitini na nne. Hajazipanda tangu mwaka 2022. Asubuhi jirani yake Rosette, mjane aliyetoka Uvira, anamwogesha na kumpikia uji. Mchana ni chakula cha shirika. Jioni ni uji tena, isipokuwa Jumapili na siku mbili nyingine ambazo mimi au Virginie tunafika na kitu.

Kabla hujauliza kwa nini hatumpikii sisi kila mchana: saa sita na nusu mimi niko hewani nasoma habari, na Virginie yuko soko la Kadutu tangu alfajiri hadi jioni. Ingawa mimi ni mtoto wa dada yake tu, tulimwomba Maman ahamie kwetu. Alisema hawezi kulala katika nyumba inayotembea.

Mwishoni mwa mwezi wa pili niliona jinsi mkono wake ulivyokonda ulipokuwa unashika kikombe. Nikamwita Pascaline. Akapima sukari, akapima damu, akatafuta minyoo. Hakuna kitu. Akaniuliza kama Maman anakula. Nikamuuliza Chantal. Akajibu kwamba gameli ya Maman inarudi tupu kila siku, tena imeoshwa.

Jibu la kwanza lililonijia ni Kwaresima. Nilidhani anafunga kwa siri, chakula anampa mtu. Lakini Kwaresima ilianza tarehe 14 Februari, na Rosette aliniambia nguo za Maman zilikuwa zimeanza kumpwaya tangu mwisho wa Januari. Jibu hilo nikaliacha.

La pili lilikuwa Rosette mwenyewe. Sikulipenda, lakini nililifuata. Nilimkuta anafua, nikamuuliza wazi kama chakula cha Maman kinaishia kwake. Hakutikisika.

"Ndiyo, papa. Ninakulaka."

"Tangu lini?"

"Tangu mwezi wa kwanza. Miye na batoto. Unafikiri nimeiba? Maman njo ananiamuru. Ananiambia: Rosette, kula mbele yangu nione. Nikikataa, analia. Sasa mutu wa redio, weye ungefanya je? Ungekataa, muzee alie?"

Nilimuuliza kwa nini hakusema.

"Aliniapisha na Rozari. Weye hukuniuliza na Rozari, umeniuliza na mudomo, njo maana nimekujibu."

Sijaelewa hadi leo tofauti ya hizo njia mbili, lakini nilishukuru kwamba iko.

Jumanne tarehe 5 Machi niliomba ruhusa kazini nikaenda kukaa kwa Maman tangu saa tano na nusu. Gameli ililetwa na Chantal mwenyewe: bugali, mboga ya lengalenga na vile visamaki vya sambaza. Maman alikula yote. Alilamba vidole. Aliniuliza kwa nini nimekuja siku ya kazi kumtazama kinywani kama daktari wa meno.

Nilirudi ofisini nikiwa sijui nimwamini nani. Rosette alisema Maman hali chakula. Mimi nilimwona akila. Pascaline alisema anakonda. Chantal alisema gameli ni tupu. Wote wanne tulikuwa tunasema kweli.

Ndipo niliporudi kwa Chantal na kumuuliza swali ambalo ningepaswa kuanza nalo: nini kilibadilika mwezi wa kwanza. Alionyesha mkono wake wa kuume. Januari aliungua na mafuta, hawezi tena kukoroga bugali ya watu tisa. Tangu Jumatatu tarehe 22 Januari wamepata mpishi mwingine, mwanamume, fundi kweli, alipikia kantini ya wachimbaji huko Luhwindja miaka mingi. Ndiye pia anayebeba gameli ya Maman, kwa kuwa magoti yake yanaziweza zile ngazi. Jumanne ile nilipokuwepo mimi, mpishi alikuwa matangani, na Chantal alipika kwa mkono mmoja akisaidiwa na binti zake.

Kwa hiyo nilikuwa nimechunguza siku isiyofaa.

Alhamisi tarehe 7 nilichukua ruhusa ya siku mbili nikaenda tena. Saa sita na robo nikasikia hatua kwenye ngazi. Maman alizisikia kabla yangu. Alivuta kitenge akafunika kichwa na uso wote. Mpishi hakuingia. Aliweka gameli kizingitini, akasema "Bonjour maman" akiangalia ukuta, akaondoka. Rosette akaichukua. Maman hakufunua uso mpaka hatua zilipokwisha. Kisha akamwambia Rosette ale.

Nilimuuliza Rosette kama kila siku ni hivyo. Akasema ndiyo, anafunikaka macho kwa sababu mwanga wa mlango unamuumiza. Nani alimwambia hivyo? Chantal. Na Chantal alijuaje? Alikuja siku moja pamoja na mpishi, akaona Maman anajifunika, akaamua ni macho. Kundi likamnunulia miwani nyeusi. Niliifungua droo nikaikuta miwani humo, bado iko na karatasi yake.

Nikamuuliza Maman. Unajua anavyojibu.

"Maman, ule mwanaume alikutukana?"

"Atanitukana na kinywa gani?"

"Chakula chake ni kibaya?"

"Uliza Rosette. Anakulaka, ananenepa."

"Sasa ni nini?"

"Barthélemy, kuna bintu mutu haulizake mama yake mudogo. Kwani kwenu ku redio hamuna vita ya kuuliza?"

Nilichoweza kufanya ni kumwomba Chantal abadilishe mbebaji. Ijumaa na Jumamosi gameli ikaletwa na mke wa mpishi, anaitwa Aimée, mwanamke mtulivu mwenye maneno machache. Maman hakujifunika uso. Alimkaribisha, akamuuliza habari za watoto. Kisha akamuuliza nani amepika. Aimée akajibu kwamba ni bwana wake. Maman akamshukuru na kumpa Rosette gameli, mbele yake.

Basi haikuwa mbebaji. Ilikuwa mkono uliokoroga.

Jumapili hiyo, tarehe 10, nikamsimulia Virginie yote tangu mwanzo. Alinisikiliza huku anachambua mchele. Nilipomaliza akauliza mpishi ni nani.

"Mupishi wa shirika," nikasema.

"Najua ni mupishi. Jina?"

"Philémon."

"Philémon gani?"

"Wa Luhwindja. Alikuwa ku kantini."

Akaweka ungo chini. "Mutu murefu? Iko na alama hapa ku sikio?"

Nikasema ndiyo.

"Weye Barthélemy! Saa nzima unaniimbia mupishi, mupishi! Ule njo mukwe wa maman! Njo mwenye alikuyaga kuposa Mireille!"

Kisha akacheka mpaka akakaa chini. Sikucheka. Kazini nimewafokea vijana miaka yote kwamba habari bila jina si habari, na nyumbani kwangu nilikuwa nimebeba hii karibu wiki nzima bila jina.

Najitetea kwa jambo moja tu. Mwezi wa pili mwaka 2008, pombe ya posa yako ilipokunywewa pale Nyalukemba, mimi nilikuwa Shabunda kwa kazi, na niliporudi mwezi wa kumi wewe ulikuwa umekwisha kuingia utawani. Philémon sikuwahi kumwona, wala jina lake sikulishika. Chantal alihamia mtaa ule mwaka 2015. Rosette ni mtu wa Uvira. Hakuna hata mmoja kati yetu aliyekuwa na macho ya kumtambua, isipokuwa Maman, na yeye alikuwa amejifunika.

Wewe unaijua desturi kuliko mimi, maana ulilelewa ndani yake na mimi nililelewa kwa mapadri. Nilivyoelezwa na Virginie ni hivi: katika ukoo wetu, mama mkwe hali mbele ya mkwe wake, haonyeshi uso kwake, na hawezi kabisa kula alichokipika. Mwanamume kumpikia mama mkwe wake! Virginie alilisema hilo mara mbili, polepole, kama mtu anayetaja ajali.

Nilimjibu kwamba Philémon si mkwe. Wewe ni mtawa, umeweka nadhiri za daima, na yeye ana mke na watoto wanne. Mkwe kwa binti gani? Virginie akasema nikamuulize Maman.

Jumatatu jioni nilikwenda. Safari hii nilimtaja kwa jina. Akakubali kuongea. Nakuandikia maneno yake kama alivyoyasema.

"Pombe ya baba yake tulikunywa ao hatukukunywa?"

"Mulikunywa, maman."

"Nani aliitapika?"

"Hakuna."

"Sasa unauliza nini? Mireille alienda kwa Yesu, ni vizuri, miye mwenyewe nilifunga valizi yake. Lakini hakuna mutu alikuya kukaa hapa na kusema: ile pombe imekwisha. Bazee ya kwao hawakukuya. Bazee ya kwetu hawakuwaita. Donc ule mutoto ni mukwe."

Nikamwambia Philémon alikwisha kuoa.

"Aoe! Nilimukatalia? Mukwe anaweza kuwa na bibi wawili."

Nikamwambia kwamba anakonda, na kwamba Pascaline amesema kilo nyingine tatu zikienda hatakuwa na nguvu hata za kuketi kitandani. Nikamwambia mambo haya yanaweza kufutwa siku moja tu: watu wao waje, wetu wawepo, maneno yasemwe, pombe irudishwe, basi. Nilidhani namletea nafuu. Alinitazama kama nimemwibia.

"Niko na mukwe mumoja tu mu hii dunia, Barthélemy. Mutoto wangu Elysée alikufa mudogo, Mireille hatazaa. Munataka kuniondolea na ule?"

Hapo ndipo nilipoelewa. Tangu Januari tulikuwa tunatafuta anachokichukia. Kumbe alikuwa anakaa na njaa kwa heshima. Rosette aliniambia baadaye kwamba kila siku, hatua zikiisha kwenye ngazi, Maman humuuliza mkwe amevaa nini, amekonda ama amenenepa, na viatu vyake vikoje kwa matope haya.

Nilikwenda kwa Philémon Jumanne asubuhi. Nilimkuta kwenye sufuria, anakata sombe, majani ya muhogo. Alijua Maman ni nani tangu siku ya kwanza, lakini alidhani mama huyo ana kinyongo naye. Nilipomweleza, aliacha kisu.

"Miaka kumi na sita najua ule mama ananichukia. Kila siku naweka chakula pale kama mwizi. Kumbe ni heshima?"

"Ni heshima."

"Na anakufa nayo?"

"Ndivyo inavyoelekea."

Nikamuuliza upande wake. Akasema wewe ulimwandikia barua moja, akaisoma, akaelewa. "Miye na Mireille tulimaliza. Na maman hatukuanza." Akasema yuko tayari kuacha kupika leo hii. Chantal aliyekuwa nyuma yetu akadakia.

"Uache nani apike? Bazee nane wengine bakule Rozari? Philémon, koroga."

Chantal si mtu mbaya, lakini ana sheria na anaishika. Kundi lina wazee kumi na wanne wanaongoja nafasi. Chakula ni cha aliyeandikwa. Mzee akikitoa kwa mtu mwingine mwezi mzima, nafasi yake inapewa anayengoja. Rosette na watoto wake hawamo katika orodha. Nikamwambia haya ni mambo ya desturi. Akanijibu: "Papa Barthélemy, miye sina kamati ya bukwe. Niko na kamati ya chakula."

Siku hiyohiyo saa sita Philémon alishuka na gameli akiwa amevaa koti. Rosette ndiye aliyenisimulia, mimi nilikuwa hewani. Aliiweka kizingitini, akageuka akampa mlango mgongo, akasalimia kwa taratibu yote, jina la baba yake, jina la babu yake, habari za afya, habari za nyumba. Kisha Maman akasema chini ya kitenge: "Rosette, mwambie mukwe nimemusikia." Rosette yuko hatua mbili kutoka kwa wote wawili. Akamwambia. Philémon akasema naye: "Mwambie maman asante." Wakaendelea hivyo, wanasikiana, Rosette katikati anarudia kila neno kama mkalimani wa mahakama, mpaka mvua ilipoanza.

Lakini chakula Maman hakukila.

Jana, baada ya Pascaline kuondoka na mizani yake, nilimuuliza Maman swali la mwisho: kama pombe haifutwi, na mkwe haachi kupika, yeye anataka tufanye nini. Akasema njia iko, ilikuwako siku zote, ila hakuna aliyemuuliza. Mama mkwe na mkwe wanafunguliana kinywa. Binti aliyeolewa anatoa sahani moja, anaiweka kati yao, anamwekea mama yake tonge la kwanza mkononi na bwana wake la pili. Wakila pamoja mara moja, mlango umefunguka. Baada ya hapo anaweza kula chakula chake, hata akipika mkwe mwenyewe, hata akileta mkwe mwenyewe.

"Lakini mutoto wangu iko wapi?" akasema. "Yesu amemufungia mulango."

Virginie alipendekeza mtu mwingine akae mahali pako, akajitolea yeye. Maman akakataa. Rosette naye akakataliwa. Akasema mahali pa binti hapagawanywi na jirani wala na mke wa kaka. "Mireille mwenyewe aseme ni nani atamukamatia ile nafasi. Miye sitamuchagulia."

Tuliulizana ni nani anayeweza. Virginie akasema, kwa sauti ya mtu anayeona jambo liko wazi, kwamba mke wa Philémon yupo. Nilienda kumuuliza Aimée jana alasiri. Sikujua nianzie wapi; nilianzia kwenye ngazi. Alinisikiliza akimnyonyesha mtoto. Kisha akasema:

"Kama ni juu ya muzee kukula, nitakuwa mutoto wake ata kesho. Lakini sitaingia mu nafasi ya mutu bila mwenyewe kunikaribisha. Ule sista ananijua?"

Nikasema humjui, ila nitakueleza. Basi nakueleza. Ana miaka thelathini na minne. Anauza sabuni kwenye meza mbele ya nyumba. Anasali parokia ileile ya Maman. Maman anampenda, nimeona kwa macho yangu akimshika mkono, na hiyo ilikuwa Ijumaa ile, kabla hajajua ni mke wa nani.

Alipojua, pale Aimée alipomtaja bwana wake, nilikuwepo, alisema tu: "Ah bon. Njo huyu." Sikuweza kusoma uso wake. Sijui kama alifurahi.

Haya ndiyo ninayoyajua. Nisiyoyajua ni mengi zaidi. Sijui kama mtawa ana nafasi ya binti ya kumwachia mtu, ama aliiacha yote mlangoni. Sijui kama sheria yenu inakuruhusu kutia mkono wako katika desturi hii. Abbé Adalbert anasema haoni dhambi katika sahani ya bugali, lakini yeye si Mama Mkuu wako. Sijui kama ukimtaja Aimée utakuwa unampa Maman binti, au utakuwa unamwambia kwamba yule aliyekuwa naye hatarudi. Sijui hata kama Maman anangoja jina, au anangoja tu aone wewe umeulizwa. Nilimuuliza hilo pia. Akasema nimechoka, niende nyumbani.

Ninachokuomba ni kidogo. Andika jina moja na saini yako. Aimée, au mwingine unayemwona wewe. Ikiwa huwezi, andika kwamba huwezi, ili nisimdanganye. Lisiandikwe kwa kirefu, kwa sababu mimi ndimi nitakayelisoma, na Maman amekwisha kunionya: "Weye unasomaka vita na mavuno na sauti moja. Usinisomee mutoto wangu vile. Soma jina, unyamaze."

Mpaka wakati huo tumepatana hivi. Virginie anaamka mapema zaidi, anapika kabla ya soko, na mimi napita Nyalukemba saa moja asubuhi. Maman anakula nusu, nusu anasema ni ya jioni. Tumeweza siku mbili. Leo mvua ilikata njia ya Cimpunda na sikufika hadi saa nne. Hatutaweza mwezi mzima, na yeye anajua. Anasema niache kuhangaika, lakini anauliza saa.

Virginie anakusalimia na kusema usijilaumu kwa pombe ya 2008, ilikuwa tamu. Rosette anakusalimia, ingawa hujamwona; anasema watoto wake wamepata mashavu na anaona aibu. Chantal anawasalimu masista wote na kuwaomba wawakumbuke wazee tisa na wale kumi na wanne. Philémon aliniomba nisikuandikie salamu zake, kisha akanifuata hadi barabarani akasema niandike. Maman hakutuma salamu. Alisema atazileta mwenyewe katika sala, kwa kuwa njia hiyo haina ngazi.

Mungu akulinde ndani ya kuta zenu, akupe afya ya kifua na moyo uliotulia, wewe na wote unaosali nao.

Kamati ya Chantal inakutana Jumamosi tarehe 23 Machi, saa nane mchana, na jambo la kwanza ni nafasi ya Maman. Nimeomba waahirishe, Chantal amekataa, lakini amekubali kwamba saa sita siku hiyo Philémon, Aimée na mimi tuwe kwa Maman na gameli. Abbé Adalbert anateremka uwanja wa ndege wa Kavumu siku moja kabla, Ijumaa, saa tisa na nusu. Nitakuwa pale kumngoja.

Ni mimi kaka yako, nikupendaye siku zote,

Barthélemy